Uzima Kama Mizani ya Imani: Mazungumzo Juu ya Padre Laurenti Magesa

MJUKUU: Babu, Padre Laurenti Magesa wa Jimbo la Musoma, aliyefariki dunia mwaka 2022, ni maarufu miongoni mwa wanateolojia wa Nairobi na wa ng'ambo kuliko alivyo katika vijiji vya Bunda na Butiama. Alifundisha jambo gani hasa?

MZEE: Alifundisha kwamba dini ya asili ya Waafrika ni dini kamili, yenye ufunuo wake, maadili yake na hoja zake, wala haikuwa giza lililongojea taa ya wamisionari. Hoja hiyo aliijenga katika kitabu cha mwaka 1997, African Religion: The Moral Traditions of Abundant Life, ambamo alionyesha kuwa mambo yanayoonekana kutawanyika, tangu kumpa mtoto jina la marehemu wa ukoo hadi tambiko la kuomba mvua, yana shabaha moja, nayo ni uzima: kuupokea, kuulinda, kuukuza na kuurithisha. Kwa mizani hiyo, jema ni lile linaloongeza uzima wa jamii nzima, yaani walio hai, waliotangulia na watakaozaliwa, na ovu ni lile linaloupunguza.

MJUKUU: Je, hayo hayakuwa yamekwisha kusemwa na wengine?

MZEE: Kwa sehemu. Placide Tempels, mmisionari Mbelgiji aliyefanya kazi Kongo, aliandika mwaka 1945 juu ya kani ya uhai, yaani nguvu ambayo kwa Wabantu ndiyo kiini cha kila kilichopo. Na John Mbiti wa Kenya, katika kitabu chake cha mwaka 1969, alikusanya ushahidi wa watu wengi wa bara hili. Magesa aliupokea urithi huo, lakini akauweka mkazo kwenye maadili, akiuliza jinsi mtu anavyopaswa kuishi kuliko kuuliza tu vilivyopo ni nini.

MJUKUU: Na akili ina nafasi gani katika imani ya namna hiyo? Thomas wa Akwino, katika karne ya 13, aliona kwamba imani na akili haziwezi kupingana kwa kuwa chanzo chake ni Mungu mmoja. Lakini wazee waliotambika hawakuandika vitabu vya mantiki.

MZEE: Kutoandika si kutofikiri, mjukuu. Katika iritongo, lile baraza la wazi la Wakurya, hoja hutolewa, hupingwa na kupimwa mpaka mwafaka upatikane, na hiyo ni akili inayofanya kazi ndani ya imani. Vivyo hivyo tajiriba ya kidini, yaani kule kukutana na kitu kitakatifu na kuguswa nacho, haikufikiriwa hapa kama ilivyofikiriwa na William James, Mmarekani ambaye mwaka 1902 aliitafuta hasa katika nafsi ya mtu aliye peke yake. Wale waliomwita Mungu Nyamuhanga walimtambua pamoja: katika mavuno, katika uzazi, katika msiba, katika upatanisho wa ndugu waliokosana. Ndiyo maana kitabu kingine cha Magesa, cha mwaka 2013, kiliitwa What Is Not Sacred?, kwa maana ya kuuliza ni kitu gani kisicho kitakatifu.

MJUKUU: Hapo ndipo penye ugumu, Babu. Ikiwa tajiriba ya jamii ni mahali pa ufunuo, basi mauaji ya vikongwe wa Kanda ya Ziwa wanaoshukiwa uchawi, na ukeketaji wa wasichana mkoani Mara kwa jina la mila, navyo vitahesabiwa kuwa sehemu ya utakatifu huo.

MZEE: Swali hilo ni zito, na mtu yeyote anayeisifu mila bila kulijibu hastahili kusikilizwa. Magesa aliuzungumzia uchawi bila kuudhihaki, kwa sababu aliona kwamba ndani ya jina hilo Waafrika wamekusanya kila kilicho adui wa uzima: chuki, wivu, uchoyo, roho inayofurahia kuanguka kwa jirani. Sasa mizani hiyohiyo lazima impime pia anayeshutumu. Na yule anayeinua panga juu ya bibi mwenye macho mekundu kwa moshi wa kuni ndiye anayeukata uzima, hivyo kwa kipimo cha mila yenyewe ndiye aliyefanya kazi ya mchawi. Kadhalika kisu kinachomtoa damu msichana na kumhatarisha atakapojifungua hakiwezi kutetewa kwa jina la wahenga ambao shabaha yao ilikuwa uzazi salama na ukoo unaoendelea. Akili haikuletwa kutoka nje ili kuihukumu imani. Imo ndani yake, na ikinyamazishwa, imani hugeuka kuwa mazoea yanayoua.

MJUKUU: Kwa hiyo utamadunisho, yaani Injili kuota mizizi katika utamaduni wa watu, si suala la ngoma na vitenge kanisani?

MZEE: Ngoma ni mlango tu. Utamadunisho wa kweli huanza pale ambapo watu wanaruhusiwa kumfikiri Mungu kwa yale waliyoyaishi, na pale ambapo Injili nayo inaruhusiwa kuyahoji yale waliyoyaishi.

MJUKUU: Je, mkoa huu wa Mara una mfano wa mtu aliyeishi hivyo?

MZEE: Yuko Mwalimu Julius Nyerere, mtoto wa mtemi wa Wazanaki, aliyelelewa katika dini ya wazee wake na kubatizwa tarehe 23 Desemba 1943 katika misheni ya Nyegina, karibu na Musoma, akiwa na umri wa miaka 21. Mwaka 1970 aliwaambia watawa wa Maryknoll huko New York kwamba Kanisa lisiloshiriki kupambana na mifumo inayowafanya watu kuwa maskini litapoteza maana yake, na hilo ni dai lilelile la kuipima dini kwa uzima wa watu. Jimbo la Musoma ndilo lililoanzisha mchakato wa kumwombea atangazwe mwenye heri. Amezikwa Mwitongo, Butiama, pale walipozikwa baba yake Burito na mama yake Mgaya.