Kupatwa kwa Jua na Giza la Ijumaa Kuu

Mnaikumbuka Septemba 1, 2016? Kule Rujewa, Mbarali, watu walijazana kuona jua limebaki pete tu. Sisi huku Kyela tulikuwa nje kidogo ya njia ya ile pete, kwa hiyo jua letu lilibaki kama mundu. Mimi kilichonishangaza kilikuwa chini: kwenye kivuli cha miembe na mikakao, kila mwanga uliopenya kati ya majani ulichora mundu mdogo udongoni. Tundu dogo huleta chini sura ya jua lenyewe. Siku nyingine vile vidoa huwa vya mviringo, ila nani anaangalia?

Tangu hapo naulizwa sana: eti giza la Ijumaa Kuu (Lk 23:44-45) nalo lilikuwa kupatwa kwa jua? Hapana, na shahidi ni mwezi. Jua hupatwa mwezi ukipita katikati ya dunia na jua, yaani siku ambayo mwezi hauonekani, haujaandama. Pasaka ya Wayahudi huangukia mwezi mpevu, ukiwa upande wa pili kabisa. Tena lile giza lilikuwa la tangu saa sita hadi saa tisa, wakati jua kufunikwa lote mahali pamoja hakufikishi dakika 8. Mtakatifu Thoma wa Akwino aliijua hoja hii ya mwezi mpevu, akaijadili katika karne ya 13, bila darubini. Mkiulizwa kwenye jumuiya, anzeni na kalenda ya mwezi.