Kata ya Walwa, Kreti ya Bia: Mwongozo wa Msafiri wa Shinyanga na Geita

Msafiri anayeingia Usukumani akitokea pwani, ambako pombe hunywewa kwa kificho na kutajwa kwa kuinamisha macho, hustaajabu kuona kwamba huku kata ya pombe ilikuwa, tangu zama za watemi, ujira wa kazi kabla ya kuwa starehe. Mwenye shamba kubwa aliwaalika vijana wa kikundi cha kulima, nao wakaja na majembe yao na ngoma zao, wakalima kwa kufuata mapigo, na jua lilipotua wakakirimiwa nyama na pombe ambayo wanawake wa nyumba ile walikuwa wameianza siku kadhaa kabla. Ngoma ya bugobogobo, ambayo mgeni ataiona leo jukwaani, wachezaji wakirusha majembe juu na kuyadaka, ni masalia ya desturi hiyo. Asiyelijua hilo atakunywa, walakini hatafahamu amekunywa nini.

Wakati bora wa kuja ni kati ya Juni na Septemba, maana mvua za masika zimekwisha, barabara za vumbi zinapitika, mtama umevunwa na pamba inauzwa. Na pamba ikiuzwa, fedha huingia mikononi mwa watu na vyungu huinjikwa kila kitongoji. Aghalabu wageni huanzia Mwanza. Mgeni asiache kupita Bujora, pale Kisesa, mwendo usiozidi kilomita 20 kutoka mjini, kwenye makumbusho ya Wasukuma yaliyoasisiwa na Padre David Clement, Mkanada wa shirika la White Fathers. Na akifika mwezi wa Juni huenda akaikuta sikukuu ya Bulabo, ambapo Bagika na Bagalu, makundi mawili ya ngoma yenye uhasimu wa kale, hushindana kuvuta watazamaji. Wakati fulani mtazamaji huona afadhali ushindi uamuliwe kwa miguu, kwa kuwa masikio hayatoshi.

Mwanza ndiko pia inakopikwa bia ya chupa inayouzwa Kanda ya Ziwa. Kampuni ambayo leo huitwa Tanzania Breweries ilianza Dar es Salaam mwaka 1933. Ikataifishwa 1967 baada ya Azimio la Arusha, na mwaka 1993 serikali ikawauzia Waafrika Kusini sehemu ya hisa zake. Ina kiwanda Mwanza, na mshindani wake Serengeti Breweries ana chake huko huko. Wazee wanaokumbuka miaka ya themanini watakusimulia jinsi bia ilivyoadimika, mtu akawa hapewi chupa iliyojaa mpaka alete tupu. Kabla ya hapo, katika sehemu kubwa ya utawala wa Waingereza, Mwafrika alikuwa haruhusiwi vileo vya Kizungu hata kama fedha anayo. Aliachiwa pombe yake ya kienyeji, nayo ikatozwa leseni na kukusanywa mahali pamoja ili askari aione. Hapo ndipo lilipotokea neno kilabu, nalo limebaki.

Kutoka stendi ya Nyegezi basi la Shinyanga huchukua saa chache, mbuga zikikunjuka pande zote mbili, mawe makubwa yakiwa yamepandana kama yaliyopangwa na mtoto. Shinyanga yenyewe haina majumba ya kutazamisha. Mgeni aende pembezoni mwa mji alasiri, maana siku za kazi vilabu havifunguliwi mapema, aulize wapi pana pombe ya mtama, na atakapofika asalimu kwanza kabla ya kuuliza bei. Mchana salamu ni *mwadila*, asubuhi *mwangaluka*. Mama mpishi huitwa *mayu*, na neno hilo moja likitoka kinywani mwa mgeni humpatia kiti haraka kuliko noti.

Upishi ni wa siku nyingi. Mtama hulowekwa, kisha hutandazwa na kufunikwa kwa majani au magunia mpaka uote vijimizizi vyeupe. Huanikwa juani, husagwa, na hicho ndicho kimea. Unga mwingine hupikwa uji mzito ndani ya pipa la chuma lililokatwa, moto wa kuni ukiwaka chini. Uji ukipoa hutiwa kimea, na kimea huugeuza wanga kuwa sukari. Mpishi akikuonjesha hapo utakuta ni togwa, tamu, isiyolevya. Baada yake chachu hufanya kazi yake usiku kucha, pipa likitoa mapovu na sauti ndogo kama ya mtu anayenong'ona, na kesho au keshokutwa pombe huchujwa, machicha wakapewa nguruwe au kuku. Nilimwona mama mmoja akiinamisha sikio lake penye pipa, kisha akamwambia bintiye: "Bado. Inaongea." Hakuwa na kipimo kingine, na sikuona haja ya kingine. Wasumeri, katika nchi ya Iraki ya leo, walikuwa na wimbo wa kumsifu Ninkasi, mungu wao wa kike wa pombe, ulioandikwa yapata miaka 3,800 iliyopita, na ndani yake zimetajwa hatua za upishi. Inaonekana kazi hii ilikuwa ya wanawake kabla hata ya kuwako vitabu.

Pombe ikiletwa, mwenye kuiuza hunywa funda la kwanza mbele yako. Wenyewe wanasema ni *kutoa sumu*. Usimkatize, wala usione kuwa amekupunguzia. Mwenyeji asiyeonja ndiye wa kuogopwa. Kisha kata huzunguka, na anayeipokea huipokea kwa mikono miwili au mkono wa kushoto ukishika kiwiko cha kulia. Zamani sehemu ya walwa, ndilo jina lake kwa Kisukuma, ilimwagwa chini kwa ajili ya masamva, mizimu ya ukoo; wako wanaofanya hivyo mpaka sasa, na mgeni mwenye murua hatapiga picha tendo hilo bila idhini.

Jambo moja wageni hawalitambui: kila pipa ni mzigo wa kuni. Shinyanga iliwahi kukatwa miti kwa ajili ya vita dhidi ya ndorobo na kwa ajili ya mashamba ya pamba, ikakaribia kuwa jangwa, hata mwaka 1986 ukaanzishwa mradi wa Hifadhi Ardhi Shinyanga, yaani HASHI, uliorudisha desturi ya ngitili, ile ya kufungia malisho na miti yake ijioteshe. Ukiona kichaka kibichi katikati ya tambarare kavu, hicho ni ngitili, na mama anayepika pombe atakwambia kwa nini anaithamini kuliko mwanasiasa yeyote.

Mwadui, ambako John Williamson aligundua almasi mwaka 1940, na mji wa Maganzo ulio kandoni mwake, vinatosha kwa nusu siku. Kahama ni mji wa biashara, wenye haraka. Lakini Geita ndipo mambo yanapogeuka. Mgodi wa zamani wa dhahabu ulifungwa 1966. Mgodi mkubwa wa sasa ulianza 2000. Mkoa wenyewe ulizaliwa 2012. Na mwaka 2019 likafunguliwa soko la madini, ambapo mchimbaji mdogo huuza dhahabu yake mbele ya mizani ya serikali. Kutoka Mwanza siku hizi hakuna kungoja kivuko, maana daraja la Kigongo na Busisi lilifunguliwa 2025.

Katoro, Rwamgasa, Nyarugusu: hizi ndizo sehemu ambako mtu hushinda shimoni, ndani ya duara, wiki tatu bila kupata kitu, na wiki ya nne akipata, hununua kreti. Utaketi baa, mhudumu atakuuliza, "Ya baridi au ya moto?" Moto hapa maana yake haikutiwa friji, na wachimbaji wengi huichagua hiyo hiyo. Chupa tupu haziondolewi mezani. Ndizo hesabu, na ndizo fahari pia. Kinywaji cha huku ni Balimi, jina ambalo maana yake ni wakulima, na sijapata kuona bia ya wakulima inayonywewa na watu waliotupa majembe kwa wingi kiasi hicho. Ujira ule ule wa zamani umerudi, ila sasa mtu anajilipa mwenyewe, tena mara moja.

Tahadhari ni chache. Gongo iache kabisa: Sheria ya Moshi, yaani ya gongo hiyo hiyo, ya mwaka 1966 ilikataza kuitengeneza bila leseni, na isiyopimwa hupofusha. Viroba vilipigwa marufuku Machi 2017. Anayekuuzia anakuuzia kesi. Kwenye mialo ya kuoshea dhahabu hutumika zebaki, kwa hiyo uliza maji ya pombe na ya kusuzia vikombe yametoka wapi, na usione haya kuuliza. Usiingie machimboni bila ruhusa ya mwenye leseni na uongozi wa kijiji. Asiyekunywa, awe Muislamu au muumini wa African Inland Church, ambayo ina wafuasi wengi huku, aseme tu hanywi. Ataletewa togwa au maziwa ya mgando, na hakuna atakayemsumbua.

Mwisho, lipa usiku ule ule na uhesabu chupa pamoja na mhudumu. Mabasi ya kurudi Mwanza huondoka Geita alfajiri, na hayamngoji mtu anayetafuta kiatu.