Ngata ya Bega: Somo kwa Wamama



Katika kliniki tunasema mara nyingi juu ya mtoto: kilo zake, chanjo zake, chakula chake. Leo tuseme juu ya bega la mama mwenyewe, maana ndilo linabeba maji, kuni, muhogo, na mtoto pia.

Mama mmoja alikuja kwetu na mtoto wa miezi minne. Wakati wa mvua aliteleza njiani akitoka kuchota maji, akaangukia mkono, na bega likatoka mahali pake. Majirani walivuta mkono mpaka likarudi. Maumivu yakapungua, akaendelea na kazi. Lakini siku moja, alipopeleka mkono juu na nyuma ili aweke mtoto mgongoni, bega likatoka tena, na mtoto akateleza. Binti yake mkubwa alimdaka. Mama yule akatuuliza: «Munganga, bega yangu iko na nini?» Jibu lake ndilo somo letu.

1. Bega limeumbwa namna gani?

Mfupa wa juu wa mkono una kichwa cha mviringo kama chungwa. Kichwa hicho kinakaa katika shimo dogo lisilo na kina, kama kisahani. Ndiyo sababu mkono unageuka pande zote. Na ndiyo sababu bega linatoka upesi kuliko viungo vingine.

Unapobeba mtungi, unaweka ngata ya kitambaa kichwani ili usivingirike. Bega nalo lina ngata yake. Si nyama, si mfupa, ni gegedu. Shika sikio lako, utajua gegedu ni kitu gani. Ngata hiyo inazunguka shimo lote na kuliongezea kina. Ikipasuka, kichwa cha mfupa kinachezacheza.

2. Inapasuka kwa sababu gani?

– Kuanguka juu ya mkono ulionyoshwa.
– Kudaka kwa ghafula mzigo unaoanguka.
– Bega kutoka mahali pake, hata mara moja tu.
– Kuinua vitu vizito juu ya kichwa kila siku, miaka mingi.

Kwa watu wenye umri mkubwa gegedu inachakaa yenyewe, na wengi hawasikii maumivu yo yote.

3. Dalili zake

Maumivu yako ndani kabisa. Bega linalia «ko!» au linakwama ukiinua mkono. Mkono unakosa nguvu. Usiku huwezi kulalia upande ule. Tena unaogopa, kwa sababu unasikia kama bega linataka kutoka.

Picha ya radio inaonyesha mifupa, lakini ngata haionekani humo. Kwa hiyo, wakikuambia picha ni nzuri na bado unaumwa, usidhani unasema uongo. Rudi, mweleze munganga namna ulivyoanguka, naye apime bega kwa mikono yake.

4. Bega likitoka, ufanye nini?

Usiruhusu mtu avute mkono wala kuukanda kwa nguvu, hata kama ni jirani mwenye moyo mwema. Anaweza kuumiza mishipa au kuvunja mfupa. Funga mkono kifuani kwa kikwembe, kama unavyoukuta, na uende hospitali siku ile ile. Vidole vikiwa baridi au vikifa ganzi, usikawie hata kidogo.

5. Matunzo

Pumzisha bega, lakini usilifunge miezi mizima, litakauka. Siku za kwanza weka kitambaa chenye maji baridi dakika 15, mara kadhaa kwa siku. Kwa maumivu, mtu mzima anaweza kumeza paracetamol ya mg 500, kidonge 1 au 2, akingoja saa 6 kabla ya kurudia. Asipite vidonge 8 kwa siku moja. Ukiwa na mimba au ugonjwa wa ini, uulize kwanza kliniki. Usinunue vidonge vingine sokoni bule.

Bidoni ya lita 20 ina uzito wa kilo 20. Chota kwa bidoni ndogo, na uzungumze na bwana yako: akisaidia sasa miezi michache, utafanya kazi miaka mingi.

Mtoto je? Usimrushe mgongoni peke yako. Mkono ulioinuliwa na kugeuzwa nyuma ndio unatoa bega. Keti kitandani, mtu mwingine amweke mgongoni na kufunga kikwembe.

6. Mazoezi

Maumivu yakipungua, na munganga akikubali, fanya haya mara 2 au 3 kwa siku:
– Inama, shika meza kwa mkono mzima. Acha mkono mgonjwa uning'inie, uuzungushe polepole.
– Kunja kiwiko karibu na ubavu, sukuma ngumi kwenye ukuta, hesabu mpaka 5. Rudia mara 10.
– Vuta mabega yote mawili nyuma, kisha uyaachilie.

Ngata iliyopasuka pengine haishikani tena, kwa sababu damu inayoifikia ni kidogo. Lakini nyama zenye nguvu zinashika bega kwa niaba yake. Wengi wanapata nafuu bila kupasuliwa.

Bega likizidi kutoka, hasa kwa kijana, au maumivu yakikaa miezi mingi ingawa mazoezi yamefanywa, daktari wa upasuaji anaweza kushona ngata. Baada ya hapo mkono unafungwa majuma kadhaa, na kazi nzito inangoja miezi.

Mama yule wa kwanza alifanya mazoezi miezi mitatu, na binti yake alimwekea mtoto mgongoni kila asubuhi. Mtoto alipoanza kutembea, bega lilikuwa halijatoka tena.

Maulizo
1. Ngata ya bega inafanya kazi gani?
2. Bega la jirani likitoka leo, utamsaidia namna gani?
3. Nani nyumbani kwako anaweza kukufungia mtoto mgongoni?