Kuusoma Mji wa Zanzibar Usiku

Na mwanafunzi wa Kidato cha Nne

Katika mji wa Zanzibar, mbele ya Ngome Kongwe, ipo bustani kando ya bahari iitwayo Forodhani. Jina hili latokana na neno forodha, yaani mahali ambapo bidhaa zitokazo nchi za nje hutozwa ushuru. Siku hizi hapana karani anayekagua mizigo katika bustani ile. Jua likitua, wapishi hupanga meza zao, huwasha mikaa na taa, na watu huja kula. Hata hivyo jina lile bado linafaa, kwa sababu sehemu kubwa ya vyakula vinavyouzwa pale vilifika kwa njia ya bahari, na mtu ajuaye kuuliza aweza kuvikagua hata leo, kimoja kimoja, kama karani wa zamani.

Nilifika huko wakati wa likizo ya Desemba pamoja na mjomba wangu, akaaye Dar es Salaam. Siandiki ili kujisifu kwa safari. Naandika kwa kuwa sisi wa Kidato cha Nne tumejifunza habari za biashara ya Bahari ya Hindi, na wengi wetu tumezikariri kwa ajili ya mtihani tu. Nimeona kwamba somo hilo laweza kushikwa mkononi na kuonjwa. Tena nataka kuonyesha jinsi njia hiyo hiyo ya kujifunza iwezavyo kutumika hapa kwetu Kibaoni, bila kulipa nauli ya boti.

KUPANDA NA KUTEMBEA

Mwenyeji wetu alikuwa mzee mmoja rafiki wa mjomba, dereva wa bajaji, mzaliwa wa Ng'ambo. Tulipokwisha kumwamkia shikamoo, alituambia, "Leo mtakula, lakini mtakula kwa mpango. Mtu akila mbio hajui alichokula."

Somo la kwanza lilikuwa chombo chenyewe tulichopanda. Jina la bajaji ni jina la kampuni ya Bajaj ya India, ambayo magari yake ya magurudumu matatu yameenea katika miji mingi ya Asia na Afrika. Watu wetu walilipokea gari, wakalipokea na jina lake, wakalifanya Kiswahili. Jambo hili tulikumbuke, maana tutaliona tena katika vyakula.

Tulianzia Michenzani, penye majumba marefu yaliyojengwa baada ya Mapinduzi ya 1964, tukateremka hadi Darajani. Mzee alitueleza kwamba hapo palikuwa na daraja la kweli, kwa kuwa mkono wa bahari uliingia na kutenga Mji Mkongwe na Ng'ambo. Mkono huo ulifukiwa, daraja likatoweka, jina likabaki. Kutoka hapo tulikwenda kwa miguu, kwa sababu vichochoro vya Mji Mkongwe ni vyembamba mno, na vingi havipitiki kwa gari.

Njaa ilikuwa imeanza kutuuma, lakini mzee hakutupeleka Forodhani moja kwa moja. Alitupitisha Mkunazini, penye kanisa kuu la Anglikana. Kanisa lile limejengwa mahali palipokuwa soko la watumwa, lililofungwa mwaka 1873. Tulisimama kimya kidogo. Nilikumbuka kwamba njia za misafara zilitoka pwani kwenda Tabora na Ujiji, na kwamba Karema, kwenye Ziwa Tanganyika, ipo katika mkoa wetu huu wa Katavi. Watu waliotembezwa hadi pwani walitoka bara, yaani huku tunakoishi sisi. Mzee alisema neno moja tu: "Mwanangu, karafuu ni tamu kunusa, lakini uliza nani aliyechuma." Mkarafuu ulitoka visiwa vya Maluku katika Indonesia, ukapandwa Zanzibar katika karne ya 19, na mashamba yake yalilimwa na watumwa hawa. Baada ya hapo ndipo tulipokwenda kula.

MIZIGO ILIYOMO MEZANI

Vyakula vya Forodhani ni vingi, nami nitaeleza vitano tu.

1. Urojo. Hii ni bakuli ya mchuzi mzito wa rangi ya manjano, wenye uchachu wa embe au ndimu, ambao ndani yake hutiwa viazi, bajia, kachori, vipande vya mishikaki, chatne ya nazi na chipsi nyembamba za muhogo. Bajia, kachori na chatne ni majina yatokayo India, na mwembe pia asili yake ni India. Lakini muhogo, viazi na pilipili kali vyote vilitoka Amerika, vikavushwa bahari baada ya Wazungu kufika huko mwishoni mwa karne ya 15, na muhogo uliletwa Afrika na Wareno. Basi katika bakuli moja zimo pande mbili za dunia.

2. Mantabali. Wageni huiita pizza ya Zanzibar, ingawa haifanani sana na ile ya Italia. Mpishi hutandaza donge la unga hadi liwe jembamba kama karatasi, huweka ndani nyama ya kusaga, kitunguu na yai, hukunja pembe nne na kukaanga juu ya chuma cha moto. Waarabu wana chakula cha namna hii kiitwacho mutabbaq, na katika Malaysia na Indonesia kipo kwa jina la murtabak. Chakula ni kimoja, jina ni moja, na bahari ni ile ile.

3. Pweza na samaki wa kuchoma. Hivi ni vya wenyeji wenyewe. Navitaja ili msomaji asidhani kwamba watu wa pwani walikuwa wakingoja kuletewa kila kitu. Walikuwa na vyao, na vilivyoletwa viliongezwa juu ya hivyo.

4. Maji ya miwa. Miwa husagwa kwa mashine yenye magurudumu, ikichanganywa na ndimu na tangawizi. Muwa, ndimu na tangawizi vyote asili yake ni upande wa Asia.

5. Kahawa na halua. Kahawa hunywewa chungu, katika vikombe vidogo, na halua huliwa kuipoza. Halua ya namna hii ni fahari ya watu wa Oman. Mbuni wenyewe asili yake ni Ethiopia, ila desturi ya kunywa kahawa ilistawi Yemen, ikarudi Afrika kwa majahazi. Kwa hiyo wako wageni wengine ambao kwa kweli ni ndugu waliorudi nyumbani.

KWA NINI VILIBAKI?

Hapa ndipo penye kiini cha somo. Kitu kuletwa si jambo kubwa. Jambo kubwa ni kubaki. Kwa nini chakula cha India kikae Zanzibar miaka mamia?

Jibu lake ni pepo. Kaskazi huvuma tangu mwezi wa Novemba au Desemba hadi Machi, nao ulileta majahazi kutoka Arabuni na India. Kusi huvuma tangu Aprili hadi Septemba, nao uliyarudisha. Nahodha aliyefika kwa kaskazi hakuweza kurudi siku aliyotaka. Ilimpasa kungoja miezi mpaka upepo ugeuke. Watu waliongoja walihitaji pa kulala na chakula kilichopikwa. Wengine walifungua maduka, wengine walioa, wengine hawakurudi tena. Wareno walikuja, na utawala wao katika pwani hii uliporomoka mwaka 1698, Waarabu wa Oman walipotwaa Fort Jesus ya Mombasa. Hao Waoman ndio waliojenga Ngome Kongwe ya Zanzibar. Kila aliyekuja aliacha kitu jikoni. Hata neno meza, ambayo juu yake vyakula vyote hivi hupangwa, ni neno la Kireno.

Kwa hiyo chakula cha barabarani usiku ni kumbukumbu ya watu waliolazimika kungoja. Hili sikulipata katika daftari langu.

MIJI YA ASIA

Desturi ya kuujua mji usiku kwa kupanda chombo na kula njiani ina nguvu sana katika Asia. Katika Bangkok wageni huzungushwa kwa magari ya magurudumu matatu yaitwayo tuk-tuk, na katika miji ya Vietnam huchukuliwa nyuma ya pikipiki, mwenyeji akiwapeleka kutoka jiko moja hadi jingine. Singapore ilichukua njia nyingine. Kuanzia miaka ya 1970 wachuuzi wa barabarani walihamishiwa katika majumba yaliyojengwa kwa ajili yao, yenye maji ya bomba na mifereji ya maji machafu. Wachuuzi hawakufutwa, walipewa mahali pazuri. Mwaka 2020 UNESCO iliutia utamaduni wao katika orodha ya urithi wa binadamu. Forodhani nayo ilitengenezwa upya na kufunguliwa mwaka 2009 kwa msaada wa taasisi ya Aga Khan, na wapishi wakarudi. Kutokana na mifano hii twajifunza kwamba usafi hauji kwa kumfukuza mpishi, bali kwa kumpa maji, mwanga na mahali pa kutupia taka.

ADABU ZA KULA USIKU

Mwenzangu atakayepata nafasi ya kwenda mji mgeni na azingatie haya:

(a) Uliza bei kabla ya kula. Ukiisha kula, bei yaweza kukua.
(b) Chagua chakula kinachotoka motoni mbele ya macho yako, wala si kile kilichopoa mezani tangu magharibi.
(c) Nawa mikono. Kipindupindu hakijui mgeni.
(d) Nenda na mwenyeji, tena usipige picha ya mtu bila ruhusa yake. Katika mji wa Kiislamu kama ule, vaa nguo za heshima.
(e) Mpishi akiwa na wateja wengi usimsumbue kwa maswali. Ngoja apumzike, atakueleza zaidi ya ulivyotazamia.

NA HAPA KIBAONI?

Msomaji aweza kusema kwamba hayo ni ya Zanzibar, sisi tuko Mpimbwe, mbali na bahari. Lakini tazama stendi yetu jioni, wakati magari yaliyopita katika Hifadhi ya Katavi yakitokea Mpanda yanaposimama. Chapati ni ya India, kwa chakula na kwa jina. Sambusa imefuata njia ndefu kutoka Uajemi. Wali wa mashamba yetu ni wa mbegu ambayo kwa sehemu kubwa asili yake ni Asia. Nyama ya kuchoma yatukumbusha Wasukuma waliohamia huku na ng'ombe wao. Samaki ni wa Ziwa Rukwa, na mgebuka mkavu umetoka Ziwa Tanganyika. Basi stendi yetu nayo ni forodha, ila imekosa karani wa kuandika.

Mama yangu huuza chapati na chai stendini usiku. Sabuni yangu, madaftari yangu na nauli yangu ya kuja bweni vimetoka katika chapati hizo. Nimewahi kusikia wanafunzi wakisema kwamba kazi hiyo ni ya mtu aliyekosa kazi. Mimi nawaomba wafikiri tena. Mama hujua bei ya ngano ikipanda apunguze nini asipoteze mteja. Hujua gari lipi huchelewa na abiria wake huja na njaa ya namna gani. Hujua nani wa kukopeshwa na nani wa kuambiwa kesho. Hiyo ni hesabu, biashara na elimu ya watu kwa pamoja. Mwaka huu tutafanya mtihani wa Taifa, na si sote tutakaokwenda Kidato cha Tano. Wako kati yetu watakaosimama nyuma ya meza kama ile, au watakaoendesha bajaji na bodaboda. Ningependa wasimame pale wakijua kwamba wameingia katika kazi ya zamani sana, iliyolisha mabaharia na kujenga miji, wala si katika aibu.

Mzee wa Zanzibar hakusoma kupita darasa la saba, kama alivyotuambia mwenyewe. Lakini alitufundisha mji mzima kwa usiku mmoja kwa sababu alikuwa amewauliza wazee wake.

MASWALI YA KUFANYIA KAZI

1. Chagua chakula kimoja kiuzwacho stendini Kibaoni usiku. Mmea au mnyama wake alitoka wapi kwanza?
2. Nani aliyekileta hapa, na kwa njia gani: msafara, reli, gari au miguu?
3. Kwa nini kilibaki? Ni kwa ajili ya hali ya hewa, bei, dini, au mapenzi ya watu?
4. Anayekipika alifundishwa na nani?

Swali la nne ndilo gumu, kwa maana jibu lake halimo katika kitabu cho chote cha maktaba yetu. Kaulize wakati wa likizo, uandike jina la chakula na jina la mwaka, nawe ukirudi shuleni umletee mwalimu wa Historia.