Picha za Maktaba Si Kiraka

Mzee anasimulia utoto wake, na mhariri wa filamu hana picha ya kufunika maneno. Anachukua picha ya soko lolote la enzi za mkoloni, anabandika, kazi inasonga. Wengi hawatashtuka. Ila bibi aliyekulia mji ule atajua soko lile si la kwao, na kuanzia hapo hatakuamini tena.

Kwa hiyo kabla ya kukata, uliza nani alishika kamera na kwa kazi gani. Kati ya 1935 na 1937, mradi wa Waingereza ulioitwa Bantu Educational Kinema Experiment, wenye makao Vugiri kule Usambara, ulipiga filamu zaidi ya 30 za kuwafunza Waafrika habari za safura, kilimo na kuweka akiba posta. Zilizosalia ni chache mno. Ni hazina, lakini wengi waliomo wanaigiza somo alilolipanga Mzungu. Ukimwonyesha mmoja wao kuwa ni "mkulima wa Tanganyika" tu, umelirudia somo lile kwa niaba ya Mzungu yule. Mwambie mtazamaji picha imetoka wapi. Na kwa kuwa sauti za filamu hizo ziliwekwa kwenye santuri, mbali na mkanda, usiuzibe ukimya kwa jogoo na ngoma ulizopakua jana usiku.

Angalia kasi. Mikanda mingi ya enzi za filamu bubu ilipigwa kwa kamera za kuzungushwa kwa mkono, kwa kasi ndogo kuliko ya leo. Ukiicheza kwa fremu 24 kwa sekunde, watu hutembea kama kuku waliotishwa. Mwongozaji Peter Jackson, katika filamu ya They Shall Not Grow Old ya 2018, aliirekebisha kasi ya picha za Vita vya Kwanza vya Dunia, na askari wakawa binadamu. Rangi alizozipaka, mimi sina hamu nazo. Picha inayokaribia mraba nayo usiivute ijaze skrini. Acha pembeni pawe peusi.

Bei iulize mapema, kabla hujaipenda picha. Bei ya leseni hutegemea urefu wa kipande, nchi, miaka na njia ya kuonyeshea. Leseni ya tamasha peke yake haikufikishi kwenye televisheni. Hariri kwa nakala hafifu yenye namba za muda, ukiandika kila kipande kimetoka mkanda gani.

Mwisho, usikate pale tukio linapoisha. Subiri sekunde tatu. Mara nyingi hapo ndipo mtu wa pembeni anapogeuka na kuitazama kamera.