Binadamu Nyuma ya Roketi: Asif Siddiqi na Mtafiti wa Fasihi ya Kiswahili

Makala haya yanachunguza jinsi mwanahistoria Asif Siddiqi wa Chuo Kikuu cha Fordham, Marekani, alivyomrejesha binadamu katika historia ya safari za anga za Muungano wa Kisovieti, na yanauliza mtafiti wa fasihi ya Kiswahili anafaidi nini hapo.

Kwa muda mrefu historia hiyo ilisimuliwa mithili ya utenzi wa mashujaa wasio na doa. Sergei Korolev, aliyeongoza kazi iliyompeleka Yuri Gagarin angani tarehe 12 Aprili 1961, hakutajwa hadharani ila kwa cheo, Mbunifu Mkuu, hadi alipofariki Januari 1966. Katika kitabu chake cha mwaka 2000, Challenge to Apollo, Siddiqi alitumia nyaraka na kumbukumbu zilizofunguliwa dola ile ilipokuwa ikisambaratika na baadaye. Humo twamwona Korolev mfungwa: alikamatwa mwaka 1938, akapelekwa kwenye migodi ya dhahabu ya Kolyma, kiseyeye kikamng'oa meno. Twausoma pia mlipuko wa Oktoba 1960 uliomuua Jemadari Mkuu Mitrofan Nedelin pamoja na makumi ya watu wengine, ilhali umma uliambiwa kwamba jemadari alikufa katika ajali ya ndege.

Kitabu cha mwaka 2010, The Red Rockets' Glare, kinatuhusu zaidi. Kinaonyesha kwamba hadithi, filamu na vyama vya wapenzi wa anga vya miaka ya 1920 vilitangulia roketi zenyewe. Yaani ndoto ilisimuliwa kwanza, chuma kikafuata. Wamaasai wa Kajiado nao husimulia jinsi ng'ombe walivyoteremshwa kutoka mbinguni kwa ukanda wa ngozi. Sisi tunaofundisha Kitengela huibandika simulizi hiyo jina la kisasili, tukapita. Ni uvivu.

Siddiqi hakuishia Urusi. Mwaka 2019 alichapisha sura kuhusu San Marco, jukwaa la Waitaliano la kurushia roketi, lililosimikwa baharini karibu na Ngomeni, kaskazini mwa Malindi. Roketi ya kwanza ya kupeleka setilaiti ilirushwa hapo tarehe 26 Aprili 1967, siku mbili tu baada ya mwanaanga Vladimir Komarov kufa ndani ya Soyuz 1. Tarehe 12 Desemba 1970, Kenya ikiadhimisha miaka saba ya uhuru, ilirushwa setilaiti ya kwanza duniani iliyotengwa kuchunguza mionzi ya eksirei kutoka angani. Ilipewa jina Uhuru. Urushaji wa mwisho ulikuwa mwaka 1988.

Neno letu lilipaa hivyo. Wakenya waliofanya kazi pale, na wavuvi waliotazama moshi kutoka ufuoni, hawana utenzi wala tawasifu katika silabasi zetu. Aliyekuwa na umri wa miaka 20 mwaka 1967 sasa anakaribia 80. Anayetafuta mada ya tasnifu na aende Ngomeni na kinasa sauti mapema, na swali lake la kwanza liwe hili: roketi ile mliiitaje?