Kupasha Moto Hakuondoi Sumu: Tuhifadhi Kiporo Ipasavyo

Sherehe imeisha usiku. Sufuria ya pilau imebaki nusu, inafunikwa na kuachwa jikoni. Asubuhi kiporo kinapashwa moto, watoto wanakula na kwenda shule. Kufikia saa nne wanatapika. Mama anashangaa: "Mbona nilikipasha hadi kikatoa mvuke?"

Mama hakukosea asubuhi. Kosa lilifanyika usiku.

Mchele huwa na bakteria aina ya Bacillus cereus, ambao mbegu zao hustahimili kuchemshwa. Wali ukikaa vuguvugu, bakteria hao huzaana na kutoa sumu. Ukiupasha, bakteria wanaweza kufa lakini sumu hubaki. Huenda usione dalili yoyote kwa harufu wala ladha.

Mkazi, zingatia haya:

1. Usiache chakula kilichopikwa nje kwa zaidi ya saa mbili. Bakteria huzaana kwa kasi kati ya nyuzi 5 na 60 za Selsiasi.

2. Poza haraka. Katikati ya sufuria kubwa hukaa na joto kwa saa nyingi. Gawa chakula katika vyombo vipana visivyo na kina, uviweke kwenye beseni la maji baridi, kisha kwenye friji.

3. Kama huna friji, pika cha kuliwa mara moja. Kikizidi, wagawie majirani kingali moto.

4. Pasha kiasi kitakacholiwa tu, na usikipashe tena. Mchuzi na maharagwe yatokote. Wali ugeuzwe hadi uwe moto kabisa katikati.

5. Nyama iive hadi ndani, angalau nyuzi 70. Nyama choma huweza kuungua nje huku ndani ikiwa mbichi, kwa hivyo ikate sehemu nene uikague. Kuku asitoe majimaji mekundu. Kipimajoto cha chakula ndicho cha kuaminika zaidi.

6. Usikatie nyama iliyoiva kwenye ubao uliokatiwa mbichi kabla ya kuuosha kwa sabuni na maji.

Mtu akitapika au kuhara, mpe maji ya ORS kidogo kidogo. Mpeleke kituo cha afya haraka akiwa hawezi kunywa, anahara damu, amelegea au macho yamebonyea, hasa akiwa mtoto mdogo.

Kumwaga chakula kunauma. Hata hivyo, kiporo kilicholala nje hakifai kuliwa, hata kikipashwa vipi.